Mama Mukwe wa Kapata

Siku walipoishusha picha ya Odile Kabemba kutoka ukutani mwa Serkle, ukumbi wa starehe wa wafanyakazi wa mgodi, aliyetumwa kuishusha alikuwa mfupi, ikambidi Odile mwenyewe amshikie kiti.

"Simama muzuri, Barnabé," alimwambia. "Ukivunja mguu watasema mi nilikuroga."

Barnabé alikuwa mlinzi wa ukumbi huo tangu enzi ambazo bia ililetwa kwa lori na mishahara ilitoka kila mwezi. Hakumtazama. Alipambana na msumari mpaka ukang'oka na kipande cha lipu. Katika picha hiyo Odile alikuwa na miaka ishirini na miwili, amevaa sketi iliyofumwa kwa nyaya za shaba za mota zilizoungua, mguu mmoja juu, meno yote nje. Kizazi kizima cha mtaa wa Kapata kilikua chini ya mguu ule.

"Walisema niichome," Barnabé alisema baada ya kushuka.

"Uchome kioo? Leta hapa."

"Mama Odile, bataniuliza."

"Uwaambie mwenyewe alikuja kuikamata, na wewe ulimuogopa. Haiko uongo."

Aliipachika picha kwapani, uso ukitazama nje, akaipitisha katikati ya safu zote za nyumba za kampuni, saa nne asubuhi, watu wakiwa wamekaa milangoni. Mgodi mkubwa ulikuwa umeporomoka, mashine zimelala, wanaume hawana pa kwenda. Hapo zamani asingeweza kupita bila mtu kumwimbia kipande cha wimbo wake. Safari hii walizitazama kucha zao.

Bombani wanawake walikuwa wamepanga foleni. Mmoja alisema, si kwa sauti ya chini, "Bilulu banaanza kupakia bitu."

Bilulu ni wadudu. Mwaka huo, tisini na tatu, ndilo jina walilopewa watu ambao wazazi wao walitoka Kasai, hata kama wao wenyewe walizaliwa hapahapa Kolwezi, wakabatizwa hapa na kuzika hapa. Odile alisimama.

"Ile ndoo unachotea maji ni yangu, mama," alisema. "Niliikuazima siku ya ubatizo. Ukimaliza, urudishe. Kilulu inataka ndoo yake."

Foleni ikacheka kabla haijajizuia. Mjane mmoja aitwaye Agnès, mwenye umri sawa na Odile, ndiye pekee aliyemsalimu kwa jina lake la jukwaani.

"Jambo, Mama Mukwe."

"Jambo, Agnès. Angalau mutu moja hajasahau kinywa yake nyumbani."

* * *

Mumewe, Stanislas Ngoy, alikuwa sebuleni, karatasi ya tangazo ikiwa magotini. Alikuwa mtu wa Lubudi, mwenyeji wa jimbo hili, fundi wa kreni, mzito wa maneno. Tangazo lilikuwa limebandikwa kwenye milango ya nyumba sitini, na lilisema mambo mawili. Wenye asili ya Kasai watoke katika nyumba za kampuni kabla ya Jumatatu saa sita mchana. Mwenyeji aliyeoa kwao anaweza kubaki na nyumba, lakini si na mwanamke.

"Twende Lubudi, kwa dada yangu," Stanislas alisema. "Tulime."

"Dada yako alianza kunipenda siku gani?"

"Hakupendi. Lakini iko na shamba."

"Stanislas, mi niko na miaka makumi tano na ine. Nilicheza mbele ya Wazungu na viatu yao mieupe, nikacheza mbele ya mawaziri, nikacheza siku umeme ilikatika na bantu wakaniangaza na taa za kichwa za mugodi. Mi sijapata kutoka jukwaani kwa sababu mutu alinipigia miluzi. Sasa nitoke mu nyumba yangu kwa karatasi?"

Stanislas aliikunja karatasi mara nne. "Hawapigi miluzi safari hii. Wanakuja na marungu."

Hakuwa mwoga, wala hakukosea. Kule stesheni, ambako watu wote walikuita ku gare, maelfu walikuwa wanalala kwenye mvua ya mwezi wa tatu wakisubiri gari la moshi ambalo lilikuja likitaka. Nusu ya kikundi cha maigizo cha Odile ilikuwa huko.

Kikohozi kilisikika nyuma ya ua wa matete. Mtu alikohoa tena, akabisha kwa fimbo kwenye nguzo. Stanislas akajua ni nani, kwa sababu ni mtu mmoja tu aliyebisha nyumba ile kwa kuipa mgongo.

Banza, mume wa binti yao Stéphanie, alikuwa na mabega ya mbeba magunia na kitambaa chekundu mkononi, alama ya kamati iliyobandika matangazo. Kwa watu wao mwanamume hamkaribii mama mkwe. Hali mbele yake, hamtazami usoni, hamgusi hata kwa ncha ya kidole. Wakikutana njiani, mwanamume ndiye anayeingia majanini. Kwa miaka sita ya ndoa Banza aliishika heshima hiyo bila kuteleza. Hata Odile alipokuwa jukwaani, yeye alikaa nyuma ya nguzo, akasikiliza tu watu wakicheka. Na walicheka sana, maana kwa miaka ishirini sehemu iliyompa Odile jina ilikuwa ya mama mkwe anayekuja kusalimia na hataki kuondoka, huku mkwewe akipanda madirisha kumkimbia.

"Tata," Banza aliyaambia matete, "mumwambie ule mwenye iko ndani kama nimetumwa na président Mukalay wa kamati."

"Anasikia," Stanislas alisema.

"Jumamosi mukubwa moja anakuja kutoka Lubumbashi. Wanataka mchezo mu Serkle. Kichekesho. Bibi ya Kasai anapakia bitu, anafukuzwa, anaanguka, bantu banacheka. Acheze yeye. Akicheza, président atamupigia cachet, ule muhuri yake, ku karatasi yenye kusema mama yake alikuwa Mulunda wa Musumba, mwenyeji wa hapa. Atabaki mu nyumba."

Odile alikuwa amesimama nyuma ya mlango, hatua nne tu kutoka kwa mkwewe.

"Stanislas, umuulize: mama yangu alitoka Musumba siku gani? Iko mu makaburi ya hapa tangu mwaka makumi sita na tatu. Walienda kumuuliza?"

"Anauliza kama..."

"Nimesikia, tata. Ni karatasi tu. Karatasi haiumi."

"Umwambie serikali ilinibadilisha jina mara mbili. Walipokataza majina ya Kizungu walinikamata Odile, kiisha wakanirudishia Odile. Sikusema kitu. Jina ni kama kikwembe, unavaa unavua. Mama haiko kikwembe." Akafikiri kidogo. "Na umuulize: mwenye kunifukuza mu ule mchezo ni nani? Bale banaume nilikuwa nacheza nabo, wote baliwapeleka ku gare."

Banza akaanza kuichimba ardhi kwa fimbo.

"Banza," Stanislas alisema.

"Walinichagua mi, tata. Juu ya sauti, na juu ya mwili."

"Na hukumwambia kama ule ni mukwe wako?"

"Mukalay alifika hapa miezi mbili tu, kutoka Likasi. Hajui bantu. Nikimwambia ni mukwe wangu, ataniuliza bibi yangu ni mutoto ya nani." Sauti yake ilishuka. "Tata, niko na Stéphanie na batoto bawili."

Odile akasema kutoka nyuma ya mlango, taratibu kama mtu anayeagiza chumvi:

"Umwambie nitacheza."

Banza alipokwenda, Stanislas alimgeukia mkewe. Alikuwa amekasirika kwa namna ya watu wapole. "Utawachekesha bantu juu ya bandugu yako, balio kwenye mvua?"

"Miaka makumi tatu na saba," Odile alisema, "umeniona siku gani nacheza vile niliambiwa?"

* * *

Ijumaa Mukalay alimwita Odile kule Serkle. Alikuwa mtu nadhifu, suti ya kijivu, kalamu tatu mfukoni. Hakumpa kiti, ingawa viti vilikuwa mia mbili.

"Andiko liko wapi?" aliuliza.

"Andiko gani, tata?"

"La mchezo. Nataka kusoma kila neno."

"Shiye hatuandikake. Tunapatana kamba ya mambo, nani anaingia, nini inatokea. Maneno inakuja yenyewe pale mbele ya bantu."

Mukalay hakupendezwa, lakini alikuwa ameshamwahidi mkubwa kichekesho. Akaitamka kamba, Odile akiwa amesimama kama mwanafunzi aliyechelewa. Mwanamke aingie na furushi. Mlinzi amfuate kwa fimbo. Amsukume. Furushi lipasuke, zitoke mali za kampuni alizoiba.

"Mali gani?"

"Nyaya za shaba."

"Mulete nyinyi, basi. Kwangu haiko."

Mukalay alimtazama vizuri kwa mara ya kwanza. "Mama, mimi ndiye niliye na cachet."

"Najua, tata président. Njo maana nimesimama."

* * *

Jumamosi saa tisa ukumbi ulijaa mpaka madirishani. Watu walikuwa hawajacheka tangu Krismasi, na ukweli usemwe, wengi hawakujali watacheka juu ya nani. Mkubwa kutoka Lubumbashi alikaa mbele kwenye kiti cha ngozi, Mukalay pembeni yake. Stéphanie alikuwa katikati ya ukumbi na watoto wake wawili. Stanislas alikataa kuja, kisha akaja, akasimama mlangoni.

Odile aliingia na furushi kichwani. Hakukimbia, wala hakuchechemea kama walivyopatana. Aliingia kwa mwendo wa Mama Mukwe, kiuno kikifika kwanza na mwili ukifuata kwa wakati wake, na ukumbi ukaanza kucheka kabla hajafungua mdomo. Kisha akasimama, akainua kidole, akasubiri.

Kila mtu alijua anasubiri nini. Hapo ndipo ngoma ilipoingilia siku zote.

"Ngoma yangu iko wapi?" aliuliza. "Tshimanga iko wapi?"

Vicheko vikapungua. Nyuma kabisa, sauti ya Agnès ikajibu, kavu: "Iko ku gare."

"Aa. Na Ngalula, mwenye kuniitikia?"

Sasa walikuwa sauti tano au sita. "Iko ku gare."

"Na Kanyinda na gitaa yake, mwenye alipiga ku ndoa zenu zote, bingine mupaka asubuhi, munamuomba wimbo moja tena?"

Hakungoja sana. Ukumbi ulijibu wenyewe, polepole, kama watu wanaojibu kanisani: "Iko ku gare."

"Basi," Odile alisema, "nitacheza na bale mulibakiza."

Mkubwa wa Lubumbashi alimwinamia Mukalay na kumuuliza jambo. Mukalay akainua mkono kuelekea pazia, na Banza akatoka na fimbo.

Alitoka ubavuubavu, macho sakafuni. Odile akageuka kumwelekea. Yeye akarudi hatua moja. Odile akasogea, akarudi mbili. Odile akaweka furushi chini, akajifunga kikwembe vizuri, akamwendea moja kwa moja kama mtu anayekwenda kupokea zawadi, na lile jitu likaanza kuzunguka jukwaa kinyumenyume, fimbo imekumbatiwa kifuani, likijificha uso kwa kiwiko. Mfukuzwaji alikuwa anamfukuza mfukuzaji. Ukumbi ulipasuka. Wanawake walishikana mabega. Mkubwa naye alicheka, maana alidhani ndiyo kamba yenyewe.

"Umetumwa kunifukuza," Odile alisema, bila hata kuhema. "Fukuza. Mi niko hapa."

Banza alifika ukutani. Pa kurudi hapakuwapo tena. Akafanya kile ambacho mwanamume wa kwao hufanya akimkuta mama mkwe kwenye njia nyembamba: akageukia ukuta, akachuchumaa, akaweka mikono kichwani.

Hapo kicheko kikakatika. Watu wa Kapata walijua kwamba hilo halikuwa la mchezo.

Mukalay alisimama. "Banza, musukume."

"Siwezi, tata président."

"Juu ya nini?"

Banza aliongea na ukuta, lakini sauti ile waliyomchagulia ilifika mpaka mlangoni. "Ni mukwe wangu. Nilioa mutoto yake."

Vichwa mia mbili vikageuka. Stéphanie angeweza kuinama. Badala yake alisimama, akampakata mdogo kiunoni, akamshika mkubwa mkono, akabaki hivyo ili anayetaka kumtazama amtazame.

Odile hakumgusa Banza wala hakumsemesha. Alirudi katikati ya jukwaa, akalikalia furushi lake.

"Tata président, ule umemutuma hawezi," alisema. "Tafuta mwengine. Hii ukumbi imejaa. Mwenye kunitoa hapa Kapata akuje, lakini akuwe mutu hajapata kuoa kwangu, hajapata kula kwangu, hajapata kunywa kwangu. Mutu wa vile, mi sitabishana naye. Nitamufungulia mulango mi mwenyewe."

Alingoja. Jukwaani alijua kungoja kuliko mtu yeyote mjini. Hakuna kiti kilicholia. Mkubwa wa Lubumbashi aliitazama saa yake, akasema kwa Kifaransa kwamba njia ni mbaya wakati wa mvua, akaondoka. Odile alipoona hakuna wa kumwondoa, alitwaa furushi akatoka kwa kupitia katikati ya watu, na safari hii hakuna aliyetazama kucha zake.

* * *

Karatasi ya Musumba haikuja, na hakuna aliyeitarajia. Kilichokuja, Jumatatu saa nne, ni Mukalay mwenyewe na vijana wawili wenye marungu. Banza hakuwamo, kitambaa chake chekundu kilikuwa kimevuliwa Jumamosi ileile, na alikuwa nyumbani kwake na panga mlangoni, akisubiri kuona kama zamu yake imefika.

Odile alikuwa jikoni anatwanga sombe, majani ya muhogo. Alitoka akijipangusa mikono.

"Karibu, tata président. Kaa."

"Sitakaa. Toeni vitu."

"Toeni nani? Stanislas iko na mugongo. Na mi bado natwanga."

Mukalay aliwageukia vijana wake. Wa kwanza alikwaruza ardhi kwa rungu lake. "Tata, mi nilikula bukari hapa. Matanga ya tata yangu. Siku tatu."

"Na wewe?"

Wa pili alikuwa na aibu zaidi. "Mi ule Jumamosi nilicheka."

"Kucheka si kula."

"Najua, tata. Lakini sitaki."

Watu walikuwa wameanza kukusanyika, kwanza watoto wa nyumba za jirani, kisha mama zao, kisha wanaume ambao hawakuwa na kazi ya kuwachelewesha. Agnès alileta kigoda chake kabisa. Mukalay aliwatazama wote hao mmoja mmoja, akitafuta mtu. Walimtazama bila chuki, kama watu walioingia mchezoni bila kulipa. Akavua koti la suti, akalitundika kwenye ua wa matete, akaingia ndani mwenyewe.

Alianza na viti. Viti vya kampuni ni vya chuma. Alivitoa kimoja kimoja, Odile akimwonyesha pa kuviweka, pale penye kivuli, rangi isibabuke. Akatoa meza. Akatoa sanduku la mavazi ya jukwaani, ambalo mpini wake ulikatika, likamwangukia mguuni. Akasema neno ambalo mtu mwenye kalamu tatu hasemi. Watoto walilirudia.

"Kabati inapita mulango ya nyuma, tata," Odile alisema. "Ya mbele haitatosha. Fundi aliileta vile."

Stanislas alikuwa amesimama kando ya kabati. Mwanzoni alidhani moyo wake utapasuka kwa aibu kuona vyombo vyake vimeanikwa barabarani. Ilipofika kabati aliona shati la Mukalay limegandamana mgongoni, mkono wake unavuja damu, na mtaa mzima umekaa kimya unamhesabia pumzi. Akagundua kwamba aibu ile ilikuwa imeshapata mwenyewe, na mwenyewe si yeye.

Saa sita kasorobo vilibaki kitanda na sufuria za jikoni. Jua lilikuwa limetoka kali, kama linavyotoka kati ya mvua mbili. Mukalay aliegemea fremu ya mlango. Midomo yake ilikuwa imekauka mpaka weupe. Akatazama bombani, palikuwa mbali, na foleni ilikuwa hapa.

"Maji," alisema, si kwa mtu yeyote.

Odile aliingia jikoni. Akachota kikombe kutoka kwenye mtungi, akapiga goti kidogo, akampa kwa mikono miwili kama anavyopewa mgeni. Mukalay alikipokea bila kufikiri. Alikunywa chote kwa mkupuo mmoja, macho amefumba, koo likipanda na kushuka mbele ya watu wote.

Agnès ndiye aliyeanza kuguna. Kisha mguno ukapita kwa wanawake wote.

Mukalay alifumbua macho. Hakuelewa mara moja. Alitazama kikombe, akamtazama Odile, na Odile akamsaidia kuelewa, kwa sauti ya kawaida, sauti isiyohitaji ukumbi.

"Sasa na wewe umekunywa kwangu. Kitanda utafute mwengine wa kukitoa."

Vijana wa marungu walikuwa wa kwanza kuondoka, mmoja akiuma mdomo asicheke. Mukalay alibaki kidogo. Angeweza kukivuta kitanda kile. Mikono alikuwa nayo, na karatasi alikuwa nayo. Lakini angekivuta mbele ya watu mia moja ambao jioni wangekuwa na wimbo wake, na mtu aliyetoka Likasi kuja kutawala alijua kwamba wimbo hauhamishwi kwa treni. Alichukua koti lake kutoka kwenye ua. Kalamu moja ilidondoka, hakuinama kuiokota.

"Nitarudi," alisema.

"Uje," Odile alisema. "Sombe itakuwa imeiva."

Alimtazama akienda mpaka mwisho wa safu. Alijua anaweza kurudi, na kwamba kule stesheni hakuna kikombe kilichomzuia mtu yeyote. Alasiri angekwenda huko na chakula, na kesho pia. Lakini ilikuwa saa sita, na watu hawajala. Akaingia jikoni, akainjika sufuria motoni, akamwita Stanislas kwa sauti arudishe vitu ndani, aanze na meza, kwa sababu bila meza wangekula wapi.